Kupatwa kwa Jua na Mwezi Ukiwa Nairobi: Lini Utazame, Wapi Usimame, Nini Ubebe

Mwaka 2025 kuna ujumbe ulizunguka kwenye makundi ya WhatsApp ukidai kwamba tarehe 2 Agosti dunia nzima ingeingia giza kwa dakika sita. Siku ikafika, jua likawaka kama kawaida, na wengi waliokuwa wamengoja wakaamua kwamba habari zote za kupatwa kwa jua ni porojo. Sivyo. Tukio lenyewe lipo, ila mwaka ulikosewa: ni 2 Agosti 2027, na giza hilo litapita kwenye ukanda mwembamba tu kuanzia kusini mwa Uhispania, kupitia Afrika Kaskazini na Uarabuni, hadi ncha ya Somalia. Nairobi haimo kwenye ukanda huo.

Tangu wakati huo maswali ni yale yale. Itaonekana Kenya? Saa ngapi? Nitahitaji miwani hata kwa mwezi? Mjamzito akae ndani? Nimeandika mwongozo huu ili mtu asiyejua lolote aweze kujipangia mwenyewe. Jambo la kwanza kulishika ni kwamba tarehe peke yake haikutoshi. Unataka kujua saa, kwa saa zetu, na kama saa hiyo jua au mwezi utakuwa juu ya upeo wa Nairobi.

Vitu vya kuwa navyo

Kwa kupatwa kwa mwezi huhitaji chochote zaidi ya macho yako, sweta na mahali penye uwazi. Darubini ya mkono ikiwepo, heri. Mwezi hauharibu macho hata ukiutazama usiku kucha.

Kwa kupatwa kwa jua, tafuta:

- miwani maalumu ya kutazamia jua, yenye alama ya ISO 12312-2 (kiwango cha kimataifa cha miwani hiyo), iliyonunuliwa mapema
- au, kama miwani haipo, katoni au karatasi mbili ngumu, pini, mkasi na gundi ya utepe
- kofia na maji ya kunywa, kwa sababu utakaa juani saa mbili au zaidi
- simu yenye programu ya Stellarium inayoonyesha anga, ambayo ni ya bure, ukiwa umeiwekea Nairobi kama mahali ulipo

Hatua

1. Jua kwanza ni kupatwa kwa nini. Jua hupatwa mwezi mwandamo ukikaribia, pale mwezi unapopita kati yetu na jua. Huonekana na sehemu ndogo tu ya dunia. Mwezi hupatwa ukiwa mpevu, dunia inapoutia kivulini, na kila mtu ambaye kwake ni usiku huona. Kwa hiyo mkazi wa Nairobi atapata nafasi nyingi zaidi za mwezi kuliko za jua, naye asizidharau.

Ukisoma neno "kamili", jua linazibwa lote, au mwezi wote unaingia kwenye kivuli kizito na kuwa mwekundu. "Kwa sehemu" maana yake kipande tu kinaliwa. "Kipete" ni pale mwezi unapokuwa mbali nasi kidogo, ukashindwa kuziba jua lote, ukaacha duara la mwanga pembeni. Iko pia aina ya mwezi kupita kwenye kivuli chepesi cha dunia. Hiyo magazeti huitangaza kwa vishindo, kisha watu hutoka nje wasione tofauti yoyote. Usimwamshe mtoto kwa ajili yake.

2. Badilisha saa. Orodha za kimataifa, zikiwemo za NASA, hutumia saa za UTC, yaani saa za pamoja za dunia. Ongeza tatu upate saa za Afrika Mashariki, kisha soma kwa Kiswahili. Mfano: kilele cha kupatwa kwa mwezi cha Desemba 2029 kimeandikwa 22:42 tarehe 20. Ongeza saa tatu: 1:42, tarehe 21. Yaani saa saba na dakika 42 usiku wa Alhamisi kuamkia Ijumaa.

*Tahadhari:* hapa ndipo wengi hupotea. Wanaona "tarehe 21", wanatoka Ijumaa jioni, na tukio limeshapita usiku uliotangulia. Jambo likiangukia baada ya saa sita za usiku, andika kwenye kalenda yako "usiku wa kuamkia" na utaje siku zote mbili. Kosa la pili ni kuchanganya saa nane za Kiswahili na saa 8 ya kwenye simu. Ukimtumia mtu ujumbe, taja mchana, jioni, usiku au alfajiri.

3. Angalia kama utakuwa juu ya upeo. Nairobi iko jirani na ikweta, na jambo hili linaturahisishia kazi: mwaka mzima jua huchomoza na kutua karibu na saa kumi na mbili na nusu, likitofautiana kwa dakika chache tu. Mwezi unaopatwa huchomoza jua linapotua, na hutua jua linapochomoza. Kwa hiyo, kupatwa kwa mwezi kukianguka kati ya saa kumi na mbili na nusu jioni na saa kumi na mbili na nusu asubuhi, utakuona. Kukianguka mchana wetu, hakukuhusu, hata kama mitandao yote inakuzungumzia.

Kwa jua kanuni hiyo haitoshi, maana linaweza kuwa juu yako na bado kivuli kikapita bara jingine. Lile la 12 Agosti 2026, kwa mfano, ni la Greenland, Iceland na Uhispania. Hapa kwetu halitagusa chochote. Kwa jua, fungua Stellarium, weka tarehe, kisha sogeza saa taratibu utazame kama kipande kinaliwa.

4. Weka tarehe hizi kwenye simu yako. Nimeacha yasiyoonekana hapa, yale ambayo kwetu ni madogo sana, na yale ya kivuli chepesi. Saa zote ni za kwetu.

*Ijumaa 28 Agosti 2026, alfajiri: mwezi, kwa sehemu.* Kivuli kinaanza kuula mwezi karibu saa kumi na moja na dakika 34. Kilele ni saa moja na robo asubuhi, lakini kwetu mwezi utakuwa umeshatua. Utakachoona ni mwezi ukizama magharibi huku zaidi ya nusu ya uso wake imefunikwa na anga inapambazuka. Muda ni mfupi, ulijue hilo kabla ya kutoka.

*Jumatatu 2 Agosti 2027, mchana: jua.* Hili ndilo lile la uvumi. Kwetu litakuwa kwa sehemu, baada ya adhuhuri, na chini ya nusu ya uso wa jua itafunikwa. Giza halitaingia. Asiye na miwani anaweza kupita Moi Avenue mchana huo asijue kama kuna kitu. Ukisogea kaskazini-mashariki kipande kinakua: Moyale wataona zaidi yetu, na Mandera zaidi ya Moyale.

*Alhamisi 6 Julai 2028, usiku: mwezi, kwa sehemu.* Kuanzia saa mbili na dakika kumi hivi hadi saa nne na nusu. Unaonekana wote, mwanzo hadi mwisho, kwa saa ambazo hata watoto wa shule bado wako macho.

*Jumapili 31 Desemba 2028, jioni: mwezi, kamili.* Ukiniuliza niutaje mmoja tu, nitautaja huu. Mwezi utachomoza mashariki ukiwa tayari umeliwa kwa sehemu. Utakuwa mwekundu wote kuanzia saa moja na robo hivi hadi dakika chache kabla ya saa mbili na nusu, kisha mwanga utarudi polepole hadi baada ya saa tatu na nusu. Ni mkesha wa Mwaka Mpya, watu watakuwa nje, na mwisho wa Desemba anga ya Nairobi mara nyingi ni safi. Anayekwenda kukesha kanisani ataona yote kabla ibada haijapamba moto.

*Jumanne 26 Juni 2029, alfajiri: mwezi, kamili.* Kivuli kinaanza saa kumi na nusu, wekundu kamili saa kumi na moja na nusu, na mwezi unatua ungali mwekundu. Ukiwa katikati ya jiji utauona ukishuka upande wa vilima vya Ngong.

*Usiku wa Alhamisi 20 kuamkia Ijumaa 21 Desemba 2029: mwezi, kamili.* Unaanza kuliwa kama dakika tano kabla ya saa sita usiku. Mwekundu wote kutoka saa saba na robo hadi saa nane na dakika kumi. Utakuwa juu sana angani, basi hata kwenye uchochoro wa Githurai majengo hayataukinga.

*Jumamosi 15 Juni 2030, usiku: mwezi, kwa sehemu.* Kilele karibu saa tatu na nusu, nusu ya mwezi ikiwa kivulini.

*Jumatano 21 Mei 2031, asubuhi: jua, kipete.* Njia ya pete inapita Angola, Kongo, Zambia na Tanzania kabla ya kuvuka bahari kwenda kusini mwa India. Nairobi tutaona kwa sehemu tu, ila sehemu kubwa. Kwa mkazi wa hapa hii ndiyo safari rahisi: basi la kwenda Tanzania badala ya ndege ya kwenda Misri. Tanzania iliwahi kuona pete ya namna hiyo tarehe 1 Septemba 2016, na watu wakamiminika Rujewa, wilayani Mbarali, kuitazama.

5. Chagua mahali. Kwa mwezi, usihangaike kutafuta giza. Mwezi mpevu hauzimwi na taa za jiji. Anayekuambia lazima uende porini anazungumzia nyota. Unachotafuta ni upande ulio wazi. Mwezi wa alfajiri unataka magharibi pawe wazi, wa jioni unataka mashariki, wa usiku wa manane hauchagui.

Kwa wengi wetu mahali bora ni rufu ya ploti, pale pa kuanikia nguo. Zungumza na keateka siku moja kabla, maana rufu nyingi hufungwa usiku, na umwombe ufunguo kwa heshima huku ukimweleza unachokwenda kuona. Mara nyingi atapanda nawe. Angalia kama kuna ukuta wa kuzuia watu kuanguka. Kama haupo, watoto wasipande. Kwa mwezi wa 31 Desemba 2028, waishio Embakasi, Syokimau na Athi River wana bahati ya mbuga tambarare upande wa mashariki.

*Tahadhari:* usiende Ngong Hills wala bustani za mjini peke yako alfajiri. Ukitaka vilimani, panga na walinzi wa msitu mapema na mwende kikundi.

Kwa jua la 2 Agosti 2027, adui ni mawingu. Juni hadi Agosti Nairobi huamka chini ya blanketi la kijivu, na siku nyingine jua halionekani hadi alasiri. Tukio kuangukia mchana badala ya asubuhi kunatusaidia kidogo. Hata hivyo, kama unaweza kutoka, shuka: Magadi na Namanga ziko chini, zina joto, na mara nyingi anga huko iko wazi wakati Nairobi inatetemeka. Tazama utabiri wa Idara ya Hali ya Hewa siku mbili kabla, kisha amua.

Na kama unataka giza lenyewe, jua kuzibwa lote mchana, lazima usafiri. Luxor, Misri, italiona kwa zaidi ya dakika sita. Jeddah na Makka nazo zimo ndani ya ukanda. Agosti ni mwezi wa kiangazi kikali huko, basi fikiria joto pamoja na nauli. Anza kuweka akiba mapema. Vyumba vya Luxor vinagombaniwa na dunia nzima.

6. Pima miwani kabla ya siku yenyewe. Vaa miwani ndani ya nyumba. Hupaswi kuona chochote: si dirisha, si uso wa mwenzako. Washa tochi ya simu uitazame. Ionekane hafifu sana au isionekane kabisa. Toka nje, inamisha kichwa, vaa, ndipo uinue uso kwenye jua. Uone duara tulivu ambalo halikufanyi ukunje macho. Ukiona mikwaruzo, tundu, au karatasi imebanduka kwenye fremu, kata miwani hiyo katikati uitupe ili mtoto asiiokote. Alama ya ISO peke yake si ushahidi, kwa sababu yeyote anaweza kuichapisha.

*Tahadhari, na hapa nakusihi:* vitu hivi havikukingi: miwani ya kawaida ya jua hata ukivaa mitatu, filamu ya eksirei, sidii, kioo kilichopakwa masizi, na karai la maji. Karai ndilo linalonisumbua zaidi, kwa sababu tulifundishwa na wazee wetu kwa nia njema. Maji hupunguza mwanga, lakini picha ya jua inayorudi bado ni kali kupita ambavyo jicho linaweza kuvumilia. Kioo cha welda kinafaa kikiwa namba 14 tu. Vingi vilivyoko kwenye karakana za jua kali ni namba za chini ya hapo, kwa sababu ndizo zinazofaa kazi yao. Usiazime bila kusoma namba.

Usivae miwani hiyo kisha ukatazama kwa darubini. Darubini hukusanya jua na kukiunguza kichujio mara moja, pamoja na jicho.

7. Au tengeneza tundu. Njia hii haina gharama, na kwa darasa zima ni salama kuliko kugombania miwani. Toboa tundu la milimita moja kwa pini katikati ya karatasi ngumu. Lipe jua mgongo. Inua karatasi juu ya bega, acha mwanga upite kwenye tundu na uanguke kwenye karatasi nyeupe iliyo chini. Hutazami jua kupitia tundu. Unatazama picha yake kwenye karatasi. Umbali wa mita moja hukupa picha ya takriban milimita tisa, na ukiongeza umbali picha hukua lakini hufifia. Chujio la jikoni litakupa picha nyingi kwa pamoja. Hata chini ya mwembe, mianya ya majani hufanya kazi hiyo hiyo, na sakafu hujaa hilali ndogo ndogo.

Walimu, jaribuni hii: chukueni kioo kidogo cha kujitazamia, mkifunike kwa karatasi yenye tundu la nusu sentimita, kisha mkielekeze ili kirushe mwanga wa jua ndani ya darasa lenye giza. Ukutani, mita kumi kutoka kwenye kioo, mtapata picha ya jua ya sentimita tisa, na darasa lote linaona kwa mara moja. Mtu mzima akishike kioo, na asimmulike yeyote machoni.

8. Siku yenyewe. Fika nusu saa mapema. Mchana wa 2 Agosti 2027 jua letu litakuwa juu, upande wa kaskazini-magharibi, basi lipe nafasi lisizibwe na jengo la upande huo. Tazama kwa sekunde chache, shusha macho, pumzika, rudia. Kwa kuwa Nairobi halizibwi lote, hakuna hata dakika moja ya kuvua miwani. Mnaowaona kwenye picha za Luxor wakitazama kwa macho matupu wako ndani ya ukanda, na wao pia huvaa tena mara ukingo wa jua unapochomoza.

Kupiga picha ya mwezi kwa simu: egemeza simu kwenye ukuta, gusa mwezi kwenye kioo, shusha mwangaza hadi uone madoa yake, tumia kipima muda ili mkono usitikise. Kwa jua, funika lenzi kwa kichujio cha miwani ya ziada. Usiivue uliyoivaa.

Mambo yakikwama

*Nimetoka na sioni mwezi.* Kama ni alfajiri, pengine unatazama mashariki. Geuka magharibi. Kama ni jioni ya mwezi unaochomoza ukiwa umeliwa, ngoja dakika kumi na tano hadi ishirini. Mwezi uliofifia chini ya upeo wa vumbi na moshi hauonekani haraka.

*Mwezi umepoteza rangi badala ya kuwa mwekundu.* Wekundu hutokana na mwanga wa jua unaopenya kwenye hewa ya dunia kabla ya kufika mwezini. Kiasi cha vumbi na mawingu hewani hubadilisha rangi hiyo, kuanzia ya chungwa hadi kahawia iliyokolea. Hujakosea kitu.

*Mjamzito akae ndani?* Kivuli cha mwezi au cha dunia hakina madhara kwa mimba. Atoke, akalie kiti, avae miwani kama wengine wakati wa jua.

*Tuna swala ya kupatwa. Tupange saa gani?* Tumia saa za Nairobi, si za Makka wala Cairo, maana mwanzo na mwisho hutofautiana kwa kila mji. Stellarium itakupa zote mbili.

*Mtoto ametazama jua bila kinga.* Retina, sehemu ya ndani ya jicho inayopokea mwanga, haina hisia ya maumivu, kwa hiyo asipolia usidhani yuko salama. Dalili zinaweza kuja saa kadhaa baadaye: doa katikati ya anachokitazama, mistari iliyopinda, rangi zilizofifia. Ukiona lolote kati ya hayo, mpeleke kwa daktari wa macho siku hiyo hiyo au kesho yake. Hospitali ya PCEA Kikuyu ina kitengo cha macho kinachojulikana, na hospitali kubwa za jiji zina kliniki zao. Usimtie dawa za matone ulizonazo nyumbani.

*Mawingu yamefunga kabisa.* Kwa mwezi, usirudi kulala upesi. Awamu ya wekundu huchukua muda, na mwanya wa dakika tano unatosha. Kwa jua, miwani haitaona kitu kupitia wingu zito, na wingu jepesi si kinga, basi usiivue ati kwa sababu mwanga umepungua. Likishindikana kabisa, fuata matangazo ya moja kwa moja kutoka Misri kwenye simu, na uhifadhi miwani yako mahali pakavu, ndani ya bahasha, mbali na funguo na sarafu. Ikiwa haijakwaruzika, ipime tena ukikaribia Mei 2031.